Nyama na Viazi vya Kupaliwa

Mwezi huu tumeona vema kuwaandikia habari za chakula. Labda mtu atacheka na kusema, "Mwalimu naye ameacha kalamu, ameshika mwiko?" Na acheke, ila asome mpaka mwisho.

Sisi twakaa katika milima ya Usambara, upande wa Lushoto, ambako mwezi wa Juni na Julai baridi ni kali, na viazi mviringo hustawi sana. Kila Jumamosi tulikuwa tukinunua nyama kilo moja, nasi tukajiona kuwa watu watunzao nyumba vizuri. Basi mwaka jana mama watoto wetu alikuwa mjamzito, akaanza kuishiwa nguvu. Akipanda kilima kutoka mtoni husimama mara tatu akihema. Tukampeleka zahanati. Muuguzi akampima, akasema, "Damu yake imepungua sana." Akampa vidonge vya madini ya chuma, tena akamwagiza ale nyama, maharage na mboga za majani. Sisi tukajibu upesi, "Nyama kwetu haikosekani, kila juma twanunua." Yule mama akatutazama, akauliza kwa upole, "Naam, Mwalimu. Nani huila?"

Hatukuwa na jibu. Tulipokuwa njiani tukaanza kufikiri. Desturi ya nyumba yetu ilikuwa hii: bakuli la kwanza hutengwa mbele yetu, na la mgeni kama yupo, na vipande vinono vyote vimo humo. Kisha hupewa wavulana, kisha wasichana. Mama hukaa jikoni, nasi tulidhani kwamba aliye karibu na sufuria hakosi kitu. Kumbe fungu lake lilikuwa mchuzi na ugali, miaka kumi na minne! Hakulalamika hata siku moja, wala sisi hatukuuliza.

Jumamosi iliyofuata tukamwambia apumzike, tukaingia jikoni wenyewe. Zamani, tulipokuwa katika shule ya bweni ya misheni, tulikuwa na zamu ya kupika, na mpishi alitufundisha chakula ambacho Waingereza hukiita pai ya kibanda, maana kibanda ni nyumba ya maskini wa shamba. Kasisi wao mmoja, James Woodforde, aliliandika jina hilo katika kitabu chake cha kumbukumbu mwaka 1791. Wakitia nyama ya kondoo huita pai ya mchungaji, yaani mchungaji wa kondoo, si wa kanisa. Tangu tuoe hatukukipika tena, kwa kuona haya.

Lakini haya za namna hii zimewapata wengi. Viazi mviringo asili yake ni milima ya Andes katika Amerika ya Kusini, na vilipofika Ulaya watu wengi walividharau. Mfaransa mmoja, Antoine-Augustin Parmentier, alitekwa vitani na Waprusi, akalishwa viazi gerezani, akaona ya kuwa vyamfaa mwili. Aliporudi kwao akawahimiza wenzake wavile, na mwaka 1772 waganga wa chuo cha Paris wakakiri kwamba ni chakula chema. Hata leo Wafaransa hukiita kwa jina lake chakula chao cha nyama na viazi vilivyookwa pamoja.

Haya ndiyo tuliyofanya. Tulichemsha nyama kilo moja kwa chumvi, muda wa saa moja na nusu, hata ikalainika. Tukaitoa, tukaikatakata kwa kisu vipande vidogo sana, na ile supu tukaiweka. Tukakaanga vitunguu vitatu kwa samli, tukatia nyanya nne, karoti mbili na pilipili manga kidogo, kisha nyama, kijiko kimoja cha unga wa ngano, na supu kiasi cha kuilowesha. Mchuzi uwe mzito, usiwe maji. Mbali tukachemsha viazi kilo mbili, tukamwaga maji, tukaviponda kwa mwiko pamoja na maziwa ya moto na samli. Ndipo tukatandaza nyama chini ya sufuria pana, viazi juu yake, tukachora mistari kwa uma, ili zile kingo ndogo zipate kuwa nyekundu.

Sisi hatuna tanuri, basi tulipalia makaa juu ya kifuniko, kama wafanyavyo waokao mkate. Mara ya kwanza tulikosa: tulitia makaa mengi chini na machache juu, nyama ikaungua, na viazi vikabaki vyeupe. Watoto walikula wakikwangua. Jumamosi ya pili tukageuza: chini makaa machache, juu mengi. Baada ya nusu saa tukafunua, na harufu yake ikajaa nyumba nzima.

Siku hiyo kaka yetu mkubwa alikuwa mgeni wetu. Tulikuwa watu wanane. Tukagawa mafungu manane sawasawa. Kaka akaitazama sahani yake, akasema, "Mdogo wangu, nyama iko wapi?" Tukajibu, "Imo ndani, kaka." Akasema, "Mbona sioni kipande changu?" Kabla hatujasema neno, binti yetu mdogo akauliza, "Baba, leo na mama atapata nyama?"

Wasomaji, swali hilo lilituchoma kupita lile la muuguzi. Kaka akanyamaza. Akala, akamaliza, kisha akamwambia mke wetu, "Shemeji, kula. Hiki ni chakula cha watu wote."

Mtoto amezaliwa salama mwezi wa Novemba, na damu ya mama yake imeongezeka. Hatusemi ya kwamba pai ndiyo iliyomponya, kwa maana vidonge alivimeza kila siku kama alivyoagizwa. Tena asiyepata viazi aweza kugawa sawasawa nyama ya mchuzi, akitaka. Lakini sisi, tuliozoea kuchaguliwa vinono, tulihitaji chakula ambacho vinono vyake havionekani, mpaka mkono uzoee kugawa.

Basi, waalimu wenzetu, Jumamosi ijayo kabla ya kunawa mikono, tazameni jikoni kwenu. Mwulizeni mama wa nyumba amebakiwa na nini katika sufuria. Sisi tulichelewa miaka kumi na minne kuuliza.