Kimya cha Mlinda Lango

Kazi nyingi za binadamu hupimwa kwa kile kilichotendeka. Seremala huulizwa meza iko wapi, mkulima huulizwa amevuna magunia mangapi, na mwalimu huulizwa wanafunzi wangapi wamefaulu. Kazi ya mlinda lango haiko hivyo. Yeye hupimwa kwa jambo lisilotokea. Akizuia mara thelathini, watu hushusha pumzi na kusahau. Akipitwa mara moja, taa nyekundu huwaka nyuma ya kichwa chake, na umati wote humwelekezea macho. Kwa hiyo mtu anayedumu katika kazi hii bila ya kupoteza utulivu anastahili kutazamwa kwa makini, hata kama alizaliwa mbali na mchezo wake si maarufu kwa wasomaji wa Kiswahili. Miikka Kiprusoff wa Ufini ni mmoja wa watu hao.

Hoki ya barafuni huchezwa na watu sita kila upande, mmoja wao akiwa langoni. Wote huvaa viatu vyenye makali ya chuma chini ya nyayo, na huteleza kwa kasi isiyowezekana kwa mtu anayekimbia ardhini. Badala ya mpira wa duara, hupigania kwa magongo kisahani cheusi cha mpira mgumu, chenye upana wa sentimita 7.6 na unene wa sentimita 2.5. Lango lina upana wa mita 1.83 na kimo cha mita 1.22. Msomaji aliyezoea kandanda ataliona dogo. Lakini kisahani huweza kuja kwa mwendo wa kilomita 150 kwa saa, kikichomoza katikati ya msitu wa miguu, na huenda mlinda lango asikione mpaka kimemfikia. Hapo wepesi wa mkono peke yake hautoshi. Hutakiwa moyo usioshtuka, na akili inayoweza kulisahau bao lililokwisha ingia kabla ya mkwaju mwingine kupigwa.

Kiprusoff alizaliwa tarehe 26 Oktoba, 1976, katika Turku, mji mkongwe wa kusini-magharibi ya Ufini, kando ya mto Aura. Kaka yake Marko alikuwa beki katika timu iliyoipatia Ufini ubingwa wa dunia kwa mara ya kwanza, mwaka 1995. Katika TPS, klabu ya mji huo, walinda lango walikuwa na mwalimu wao, Urpo Ylönen. Ylönen alizaliwa mwaka 1943, akalilinda lango la taifa lake katika miaka ya 1960 na 1970. Alipoacha kucheza hakuiacha kazi yake. Aliigeuza kuwa elimu, akawapa vijana. Tuzo ya kila mwaka ya mlinda lango bora katika ligi ya Ufini huitwa kwa jina lake. Mwaka 1999 TPS ilitwaa ubingwa wa nchi, na Kiprusoff akaipokea tuzo hiyo. Heri ya mwanafunzi ambaye sifa yake ya kwanza kubwa ina jina la mwalimu wake juu yake!

Klabu ya San Jose ya Marekani ilikuwa imekwisha mchagua tangu 1995, lakini chaguo lile halikuwa la heshima kubwa, kwa sababu vijana 115 waliitwa kabla yake. Alipovuka bahari baada ya ubingwa wa Turku, alipelekwa kwanza katika timu ya chini huko Kentucky. Hata alipopanda ligi kuu alimkuta langoni Evgeni Nabokov, ambaye hakuwa na sababu ya kumpisha. Mwanzoni mwa msimu wa 2003 alikuwa mtu wa tatu katika kazi ambayo humtaka mtu mmoja tu kwa wakati mmoja. Kungoja kwa namna hii ni mtihani mgumu. Mwenye kungoja hufanya mazoezi kama wenzake, husafiri kama wenzake, huvaa kama wenzake, kisha huketi. Wengi huharibika hapo, ama kwa kukata tamaa ama kwa kinyongo. Kutangulia si kufika, walisema wahenga. Lakini aliyetanguliwa huhitaji ustahimilivu ili aiamini methali hiyo.

Aliyemkumbuka ni Darryl Sutter, ambaye alikuwa kocha wake San Jose, na sasa alikuwa Calgary, katika jimbo la Alberta, Kanada. Mlinda lango wa Calgary, Roman Turek, alikuwa ameumia. Novemba 2003 Sutter alimchukua Kiprusoff kwa kubadilishana na nafasi ya duru ya pili katika uchaguzi wa vijana. San Jose nayo haikupunjwa, maana nafasi ile ilimleta mwaka 2005 beki Marc-Édouard Vlasic, aliyewatumikia kwa miaka mingi. Lakini siku ile hapakuwa na aliyejua hayo. Klabu iliyokuwa haijafika katika michezo ya mtoano tangu 1996 ilimchukua mtu aliyekuwa hana pa kucheza.

Yaliyofuata ni katika habari za ajabu za mchezo huo. Katika mechi 38 za msimu ule Kiprusoff alifungwa wastani wa mabao 1.69 kwa kila dakika 60. Tangu mstari mwekundu wa katikati ulipotiwa uwanjani mwaka 1943, hapakuwa na mlinda lango wa ligi ile aliyekuwa amefikia kiwango hicho. Rekodi hiyo ilidumu mpaka Brian Elliott wa St. Louis alipopata 1.56 katika msimu wa 2011–12. Kwa kila mikwaju 1000 iliyomwelekea, Kiprusoff alizuia 933. Calgary ikaingia katika mtoano, ikaitoa Vancouver kwa mechi saba. Ikaitoa Detroit kwa sita, na mbili za mwisho ilishinda kwa bao 1–0 kila moja, maana yake Detroit, timu ya matajiri na mabingwa, haikupata hata bao moja katika mechi hizo mbili. Kisha ikaitoa San Jose yenyewe, ile iliyomweka benchi. Katika fainali ya Kombe la Stanley ilikutana na Tampa Bay, wakafika mechi ya saba, tarehe 7 Juni, 2004, na Calgary ikashindwa kwa mabao 2–1. Miezi mitatu baadaye, Septemba, alilinda lango la Ufini katika fainali ya Kombe la Dunia mjini Toronto, nako Kanada ikashinda 3–2. Mara mbili katika mwaka mmoja alifika kwenye kizingiti cha utukufu, na mara zote mbili tofauti ilikuwa bao moja.

Mwaka 2006 alipewa Tuzo ya Vezina, ambayo ni ya mlinda lango bora wa ligi ile. Kwa misimu saba mfululizo, tangu 2005–06 hadi 2011–12, hakucheza mechi pungufu ya 70 katika mechi 82 za kila msimu. Hata hivyo katika mwaka ule ule wa tuzo alijitoa katika timu ya Ufini iliyokwenda Olimpiki ya Torino. Wafini wengi walihuzunika, na wengine walimlaumu. Nafasi yake ilichukuliwa na Antero Niittymäki, naye ni kijana wa Turku na mwanafunzi wa lango lile lile la TPS. Niittymäki aliifikisha Ufini fainali, ikashindwa na Uswidi 3–2, na yeye akachaguliwa kuwa mchezaji bora wa mashindano yote.

Hapa ndipo lilipo swali gumu katika maisha ya mtu huyu. Je, aliyepewa kipaji anadaiwa nini na wanaomtazama? Wako wasemao kwamba taifa likiita, mtu huitika, na asiyeitika ni mnyimi wa kile ambacho hakujiumbia. Hoja hii si ndogo. Lakini ina upande wake wa pili. Mwili ni mmoja, na hakuna mtazamaji anayeubeba kwa niaba ya mwenyewe. Mtu anayesema “siwezi” kwa wakati humwachia mwingine nafasi akiwa bado na muda wa kujiandaa. Bali anayeng'ang'ania kwa kuogopa lawama huenda akaliharibu lile alilolipenda. Torino haikuthibitisha kwamba Kiprusoff alifanya vema kujitoa, lakini ilithibitisha kwamba lango halikubaki wazi.

Miaka minne baadaye aliitika, na aliyeitika alilipa. Katika nusu fainali ya Olimpiki ya Vancouver, tarehe 26 Februari, 2010, Marekani walipiga mikwaju saba na kupata mabao manne katika dakika kumi tu za mwanzo. La kwanza lilitokana na kosa la Kiprusoff mwenyewe, alipokiondoa kisahani vibaya kikamwangukia adui. Alitoka langoni mbele ya dunia nzima, mwenzake Niklas Bäckström akaingia, na Ufini ikashindwa 6–1. Siku iliyofuata kulikuwa na mechi ya medali ya shaba dhidi ya Slovakia, na aliyesimama langoni alikuwa Kiprusoff. Ufini ilikuwa nyuma 3–1 kabla ya kipindi cha mwisho, kisha ikafunga mabao manne na kushinda 5–3. Medali ile ni ya shaba tu. Lakini kurudi mahali ulipoaibishwa siku ya pili yake tu ni jambo lisilo na tuzo yake.

Calgary haikupata tena msimu kama ule wa 2004. Mara nne mfululizo, toka 2006 hadi 2009, ilitolewa katika mzunguko wa kwanza wa mtoano, kisha haikufika kabisa katika miaka yake yote iliyobaki. Mwaka 2013 klabu ilianza kuuza wachezaji wake wakubwa. Ikaenea habari kwamba Toronto inamtaka Kiprusoff. Yeye alikuwa na mtoto mchanga nyumbani, na ikajulikana kwamba akiuzwa hatakwenda. Hakuuzwa. Septemba mwaka huo, mkataba wake ukiwa bado na mwaka mmoja, alitangaza kuwa amestaafu. Nyuma yake aliacha mechi 623 za ligi ile, ushindi mara 319, na mechi 44 ambazo hakuruhusu bao hata moja.

Kisha akarudi kwao na kunyamaza. Hata alipokuwa akicheza alijulikana kwa majibu mafupi kwa waandishi wa habari. Alipoacha, hata hayo mafupi yakawa haba. Hakugeuka mpiga domo wa kuwahukumu waliomfuata. Zama hizi kimya cha namna hiyo huonekana kama kiburi, kwa kuwa watu wamezoea kudhani kwamba asiyejionyesha anaficha kitu, au ameacha kuwa mtu. Pengine kweli ni nyepesi zaidi. Muda wake wote alisimama mahali ambapo kila kosa lina taa. Aliyekaa miaka mingi chini ya taa ana haki ya kutamani kivuli.

Wahenga husema mcheza kwao hutuzwa. Kiprusoff alitunzwa ugenini. Tarehe 2 Machi, 2024, zaidi ya miaka kumi tangu aondoke, Calgary iliipandisha jezi yake, namba 34, juu ya dari ya uwanja, ili mchezaji mwingine wa klabu hiyo asiivae tena. Alikuja, akasimama juu ya barafu mbele ya maelfu waliolitaja jina lake kwa sauti moja, akashukuru kwa maneno machache. Wengi waliomshangilia walikuwepo mwaka 2004, na bila shaka walikuwa wangali wanaukumbuka ule mkasa wa mechi ya saba. Lakini hawakuja kudai kombe. Walikuja kumshukuru mtu kwa mabao ambayo hayakuingia.

Hiyo ndiyo hesabu ya mlinda lango, na ndiyo hesabu ya wengi wasiotajwa: muuguzi wa zamu ya usiku, mlinzi wa ghala, mama aliyemwahi mtoto kabla hajaufikia moto. Kazi yao ikitimia, hakuna kinachoonekana. Ulimwengu huwasahau si kwa ubaya, bali kwa sababu msiba usiotokea hauna sura ya kukumbukwa. Kiprusoff alipata bahati ambayo wengi hawaipati, kwamba mji mmoja ulikumbuka. Na kama baada ya sherehe alirejea katika kimya chake, hapana aliyedhulumiwa. Deni la mtu kwa umati ni kuifanya vema kazi aliyoikubali, kwa muda ule anaoifanya. Akiisha kuilipa, anayo ruhusa ya kufunga mlango wake mwenyewe.