Tamale za Nanasi Kongowea

Kwetu Tanga mahindi ya makande hukobolewa kwa kinu na mchi, na mabega ndiyo hulipa. Kwa hiyo binamu yangu aliponipigia simu akasema kwamba Wameksiko huyakoboa kwa chokaa, nilitaka nikaone kwa macho yangu. Alikuwa amerudi kwa mama yake, shangazi yangu, Kongowea, Mombasa, baada ya kuishi Houston, ambako majirani walimfundisha kupika tamale, yaani donge la mahindi linalofungwa ndani ya ganda la hindi na kupikwa kwa mvuke. Nami Mombasa nilikuwa sijapata kufika.

Njia ya mpaka wa Horohoro ilipita haraka. Kilichonishtua ni kivuko cha Likoni. Kivuko ninachokijua ni cha Pangani, ambako unafika ng'ambo kabla salamu hazijaisha. Hapa niliona umati unamiminika ferini bila kulipa hata senti, maana wenye miguu huvuka bure. Mjini nikapanda matatu, tukavuka Daraja la Nyali, na jioni nilikuwa kwa shangazi.

Kesho yake alfajiri tukaenda sokoni. Mgandini ya kwetu Tanga ninaiita soko kubwa, lakini Kongowea ilinizidi. Malori yanashusha magunia gizani, mikokoteni inapita ubavuni, hamali wanapiga kelele upishe. Nilimshika shangazi mkono kama mtoto, nikifurahia kila hatua. Tulinunua mahindi makavu meupe, mananasi, nazi na mdalasini. Maganda ya kufungia tuliyapata kwa muuza mahindi mabichi, aliyekuwa akiyarundika miguuni. Alitupa bure, akashangaa tunavyoyachagua yale mapana.

Chokaa ilitoka kwa muuza tambuu. Ipo pale siku zote, pamoja na popoo na katu.

Usiku mahindi yalichemshwa na chokaa, kijiko kikubwa kwa kilo moja, mpaka maji yakawa ya manjano na ganda likateleza kwa kidole. Yakalala humo hadi asubuhi. "Chokaa yala ganda, mwanangu, hindi labaki laini," shangazi alisema, naye mwenyewe akionja mambo mapya. Kulipokucha nikatia mikono ndani, nikasugua, na maganda yakaondoka yenyewe! Nilikumbuka michi yote niliyoinua, nikacheka kwa furaha. Tukayaosha maji mengi hadi yakatakata.

Binamu akanieleza kwamba chokaa hiyo pia huifungua vitamini iliyofungika ndani ya hindi, na kwamba watu waliotegemea mahindi bila kuifuata njia hii waliugua pelagra, ugonjwa wa kukosa vitamini hiyo, sehemu nyingi za dunia. Wareno walituletea zao hilo kutoka Amerika, lakini maarifa ya chokaa yalibaki kule. Nasikitika kwamba yamechelewa hivi.

Mahindi yakasagwa yangali na unyevu yakawa donge. Kule Meksiko wengi hutia mafuta ya nguruwe; shangazi alitia samli, akaipiga hadi ikawa nyeupe, kisha donge, tui zito, sukari na iliki. Binamu akadondosha tonge ndani ya glasi ya maji. Likaelea, ishara kwamba limepigwa likatosha. Nanasi lilikwisha kupikwa na sukari na mdalasini likakauka. Tukatandaza ganda, tukapaka donge, tukaweka nanasi katikati, tukakunja, tukasimamisha vifurushi ndani ya sufuria juu ya kichanja, maji chini.

Kabla ya kufunika, binamu aliosha sarafu ya shilingi akaitupa kwenye maji. Ilicheza chini kwa mchemko, tiki tiki tiki, saa nzima. Ikinyamaza, maji yamekwisha, ongeza. Tulikaa barazani tukiisikiliza, naye akatusimulia kwamba Meksiko tamale huliwa sana tarehe 2 Februari, na mlaji aliyepata mwanasesere ndani ya mkate wa tarehe 6 Januari ndiye anayewakirimu wenzake.

Tamale imeiva pale ganda linapobanduka bila kung'ang'ania. Ndani ni kama kitumbua kilichopikwa kwa mvuke badala ya mafuta, kizito kidogo, na nanasi linakutana na tui mdomoni vizuri mno. Shangazi alisema ataijaribu kwa embe ngowe msimu ukifika. Mimi nasema inastahili meza ya Idi.

Nawe ukitaka kupika, mwambie muuzaji unataka chokaa ya tambuu, ile ya kuliwa. Ya kupaka ukuta isiingie jikoni kabisa.