Safari ya Nakuru na Shangazi

Mara yangu ya kwanza kufika Nakuru ilikuwa mwaka 2016, nikimsindikiza shangazi mahakamani. Tulipanda matatu Naivasha kabla hakujapambazuka, maana wakili alikuwa ametuonya kwamba kesi hutajwa asubuhi na asiyekuwapo jina lake likiitwa anaweza kuipoteza. Gilgil tuliipita bado kuna ukungu. Kikopey, ambako wasafiri wa barabara ile hushuka kula nyama choma, wachomaji ndio kwanza walikuwa wanawasha makaa. Halafu Ziwa Elmentaita likajitokeza mkono wa kushoto, kingo zake nyeupe kwa magadi. Nikamwonyesha. Akalitazama kidogo, kisha akaniuliza: "Mwanangu, wataniruhusu niseme kwa Kiswahili?"

Nikamwambia ndiyo, kuna karani wa kutafsiri. Akanyamaza mpaka Lanet.

Shangazi alianza kukata waridi katika shamba moja kando ya Ziwa Naivasha mwaka 2009. Aliingia kama wengi wanavyoingia, mwezi wa Januari, wakati mashamba yanapotafuta mikono ya kuwahi maua ya Siku ya Wapendanao. Februari ikapita, yeye akabaki. Alilipwa kwa kuhesabiwa siku. Kila baada ya miezi 3 alinyang'anywa kadi ya getini, akakaa nyumbani wiki moja, kisha akapewa kadi mpya ya kazi ileile katika banda lilelile. Mwishoni mwa 2015 msimamizi alisoma majina getini, na lake halikusomwa. Hakupewa barua wala hakuitwa kuelezwa lolote. Alisimama pale mpaka geti likafungwa.

Sheria ya Ajira ya Kenya ya mwaka 2007 haimwachi mtu wa namna hiyo hewani. Kibarua, kwa sheria hiyo, ni anayelipwa mwisho wa siku na asiyeajiriwa kwa zaidi ya saa 24 kwa mkupuo mmoja. Akifanya kazi mfululizo kwa siku zinazofikia mwezi mzima, au akipewa kazi ambayo haiwezi kumalizika ndani ya miezi 3, kifungu cha 37 kinataka ahesabiwe kuwa mwajiriwa wa mwezi, mwenye haki ya notisi ya siku 28. Waridi halina siku ya kumalizika kukatwa. Aliyekaa zaidi ya miaka 6 akilikata si wa kupita, hata kadi yake iandikweje.

Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi ilikuwa imejaa siku hiyo. Nilitarajia vishindo, nikakuta watu wamekaa kimya kwenye mabenchi na bahasha zao za khaki, wengi wao na nguo za kanisani. Shangazi alipopanda kizimbani akaapa, wakili wa kampuni alimpa kadi moja aisome.

"Imeandikwa nini?"

"Kibarua."

"Kwa hiyo ulijua wewe ni kibarua?"

"Nilijua kadi inasema hivyo."

Jaji akaandika. Mimi nyuma nilikuwa nimekaza mikono mpaka vidole vinauma.

Lililoniuma zaidi lilikuja baadaye. Katika majibu yake kampuni ilikuwa na hoja mbili: kwamba kibarua hahitaji notisi, na kwamba shangazi alikuwa mzito wa kazi, hafikishi idadi ya mashina yaliyotakiwa kwa siku. Hoja hiyo ya pili shangazi aliisikia kwa mara ya kwanza kwenye karatasi za kesi. Miaka yote ile hakuna aliyewahi kumwambia kwamba anachelewa. Kifungu cha 41 kinasema mwajiri anayetaka kumwachisha mtu kwa utovu wa nidhamu, utendaji duni au udhaifu wa mwili, kwanza amweleze sababu kwa lugha anayoielewa, mbele ya mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama aliyemchagua mwenyewe, kisha amsikilize. Kwanza, ndipo uamuzi ufuate. Huenda kweli shangazi alipunguza mwendo. Vidole vyake vimejaa makovu ya miiba na kimoja hakikunjiki vizuri. Angelisema hilo kama angeulizwa. Pengine wangemhamishia kwenye kuchambua maua, pengine bado wangemwachisha, lakini angeondoka anajua kwa nini. Kumwita mtu mzembe mahakamani wakati getini hukumwambia neno ni dhuluma, na sioni jina lingine la kuiita.

Msimamizi alipoulizwa daftari za mahudhurio ziko wapi, alisema za miaka ya nyuma hazikupatikana. Lakini kutunza kumbukumbu za wafanyakazi ni wajibu wa mwajiri. Shangazi yeye alikuwa nazo kadi nyingine alizokuwa ameziripoti kupotea, na vipande vya malipo alivyovifunga kwa mpira, mwezi baada ya mwezi.

Hukumu ilitoka miezi kadhaa baadaye. Mahakama ilikubali kwamba alikuwa ameacha kuwa kibarua siku nyingi na kwamba aliachishwa bila kusikilizwa. Akapewa malipo ya notisi, fidia ya miezi kadhaa (sheria inaruhusu isiyozidi miezi 12) na cheti cha utumishi. Kazini hakurudi.

Tangu 2018 kesi za wenye mshahara usiozidi shilingi 80,000 kwa mwezi husikilizwa na mahakimu, kwa hiyo mkata waridi wa Naivasha leo hana haja ya kusafiri mbali. Nawe unayefanya kazi ya kuhesabiwa siku, tunza kila karatasi, na ukiachishwa nenda upesi kwa afisa wa kazi. Kufungua kesi una miaka 3 tu tangu siku uliyoachishwa. Ikipita, mahakama haitakusikiliza hata ukiwa na haki.