Jicho Nyuma ya Kamera

Katika sinema, sura ya mchezaji hutazamwa na jina la mwongozaji hutajwa. Jicho lililoitangulia picha kuiona husahauliwa. Kimura Daisaku aliishi katika hali hiyo kwa miaka mingi.

Alizaliwa Tokyo mwaka 1939. Mwaka 1958 aliingia katika kampuni ya Toho, akawa msaidizi wa wapiga picha katika sinema za Kurosawa Akira. Kazi yake ilikuwa kurekebisha lenzi kwa kadiri ya mwendo wa mchezaji, ili sura yake isififie. Kazi hiyo ikifanywa vema haionwi na mtu. Ikifanywa vibaya huonwa na wote. Humo alijifunza bidii isiyodai sifa.

Mwaka 1977 ilitoka sinema ya Mlima Hakkoda, iliyoongozwa na Moritani Shiro na kupigwa picha na Kimura. Ilisimulia msiba wa mwaka 1902, ambapo askari 199 kati ya 210 walikufa katika theluji. Kimura alipiga picha zake katika baridi ya kweli, kwani aliamini kuwa uso uliogandishwa na upepo hausemi uongo.

Alikaribia miaka 70 alipoongoza sinema yake ya kwanza, iliyotoka mwaka 2009. Katika umri ambao wengi huweka zana chini, yeye alibeba kamera akapanda mlima. Sinema hiyo ilihusu wapimaji ardhi waliopanda Mlima Tsurugi mwaka 1907, ili kuziba pengo katika ramani ya Japani. Kilele chake, pungufu kidogo ya mita 3,000, kilidhaniwa hakijakanyagwa na binadamu. Walipofika walikuta upanga na kichwa cha fimbo, vilivyoachwa na watawa wa kale. Sifa ya kutangulia iliwaponyoka. Je, taabu yao ilikuwa bure? La, hasha! Watawa walikwenda kuabudu na wapimaji walikwenda kupima. Kila kundi lilitimiza wajibu wake.

Mwaka 2010 Kimura alipewa tuzo ya mwongozaji bora ya Akademia ya Japani. Lakini mwishoni mwa sinema ile majina yaliandikwa bila vyeo: mwongozaji, wachezaji na wasaidizi, wote chini ya neno moja, wenzi. Aliyeanza kazi bila kutajwa alipopata uwezo wa kutaja, hakumwacha mtu nyuma.