Tambi za Kwenye Boksi

Siku ya Idd mwaka huu, sahani za pilau zikiwa bado mikononi, mgeni mmoja alimuuliza mdogo wangu ni chakula gani cha nyumbani anachokikumbuka zaidi tangu utotoni. Swali la kupitisha muda tu. Mdogo wangu akacheka, akasema, “Kusema kweli? Ule wali wa boksi aliokuwa akinipikia dada.”

Watu wakacheka. Mama naye akacheka. Kisha akachukua jagi la sharubati lililokuwa bado limejaa, akaenda nalo jikoni kulijaza.

Nilimwona, na nadhani ni mimi peke yangu niliyemwona. Pilau ile alikuwa ameianza tangu alfajiri, nyama ya mbuzi aliifuata mwenyewe kwenye duka la Wasomali, viungo alivitwanga kwa mkono ingawa ana mashine. Na mwanawe, mwenye miaka ishirini na kitu, wiki chache kabla ya kuhamia jimbo jingine kwa ajili ya kazi, anakumbuka boksi.

Tulifika Minneapolis kutoka Tanga Januari 2004, baada ya mama kushinda bahati nasibu ya viza ya Marekani. Mimi nilikuwa na miaka kumi na mmoja, mdogo wangu minne. Baba hakuwamo katika safari ile, na hiyo ni habari nyingine. Mama alipata kazi kwenye nyumba ya kutunzia wazee, zamu ya saa tisa alasiri hadi saa tano usiku, na zamu mbili mfululizo kila alipopewa, kwa sababu hakujua kukataa saa za ziada. Mimi nikirudi shule, yeye ameshaondoka. Jirani wa ghorofa ya chini alikuwa akipanda kutuchungulia, lakini chakula kilikuwa juu yangu.

Jumapili mama alipika. Kufikia Jumanne kile chakula kimekwisha. Kuanzia hapo tulikula maboksi, mengine ya dukani yakipunguzwa bei, mengine tuliyopewa kwenye kituo cha chakula cha msaada. Makaroni ya jibini, ambayo mdogo wangu aliyaita “ya njano”. Hamburger Helper, ambayo jina lake ni kama kusema msaidizi wa nyama ya kusaga, nasi nyama ya kusaga mara nyingi hatukuwa nayo. Kituo kilitoa boksi, hakikutoa nyama. Nilitia maharage ya kopo badala yake, na siku nyingine sikutia kitu, msaidizi akafanya kazi peke yake.

Lakini alichokipenda mdogo wangu kilikuwa Rice-A-Roni. Ndani ya boksi mna mchele uliochanganywa na vipande vifupi vya tambi, na paketi ndogo ya unga wa viungo. Unakaanga mchele na tambi kwa siagi mpaka tambi ziwe za rangi ya kahawia, unatia maji na ule unga, unafunika, unapunguza moto, unasubiri kama robo saa au zaidi kidogo. Kiingereza cha kwanza nilichokielewa bila kukitafsiri kichwani kilikuwa cha nyuma ya lile boksi: koroga, funika, acha ichemke polepole. Shuleni nilikuwa bubu, jikoni nilikuwa nasoma.

Mama aliniagiza nisome pia orodha ya vilivyomo, hadi herufi ya mwisho. Penye nyama tusiyojua ilichinjwaje, boksi lisipikwe. Nilisoma kwa uaminifu. Kuna jioni nilisoma nikakuta kuku, nikanyamaza, maana mdogo wangu alikuwa akilia njaa na kuku aliyesagwa akawa unga hakuonekana kwangu kama kuku. Hilo sijamwambia mama hadi leo. Atalikuta hapa, kama atasoma.

Nilianza kuchimba historia ya maboksi haya nikiwa chuo kikuu, kwanza kwa hasira. Nilitaka mtu wa kumlaumu. Nilichokipata hakikuwa rahisi hivyo.

Makaroni ya jibini ya Kraft yaliingia madukani mwaka 1937, Marekani ikiwa bado ndani ya mdororo mkubwa wa uchumi. Boksi moja liliuzwa senti 19 na lilitangazwa kuwa linalisha watu wanne. Vita ilipokuja na chakula kikawa cha mgao, pointi moja ilitosha kununulia maboksi mawili, na kwa familia zilizokosa nyama na maziwa hesabu hiyo ilikuwa nzito. Hamburger Helper ilikuja baadaye, ikaenea nchi nzima mwaka 1971. Wazo lake lilikuwa kuchukua ratili moja ya nyama na kuivuta ilishe familia nzima, kwa kikaango kimoja. Miaka miwili baadaye bei ya nyama ilikuwa imepanda kiasi kwamba Rais Nixon aliiwekea kikomo, na mwezi Aprili 1973 akina mama wa Marekani waligoma kununua nyama kwa wiki nzima. Kila mara ni hesabu ileile: midomo ni mingi, nyama ni kidogo, na mwenye kupika amechoka.

Hamburger Helper ilitengenezwa na General Mills, ambao makao yao makuu yako Golden Valley, jirani kabisa na Minneapolis. Tumepita pale kwa basi sijui mara ngapi. Boksi lilibeba jina la Betty Crocker, na hapa ndipo nilipokaa muda mrefu kuliko sehemu nyingine zote. Betty Crocker hajawahi kuishi. Alibuniwa mwaka 1921 na kampuni ya unga ya Minneapolis iliyokuja kuwa General Mills, ili barua za wanawake waliouliza maswali ya upishi zijibiwe na kutiwa saini kwa jina la mwanamke. Wakampa sauti redioni, kisha sura. Mwaka 1945 jarida la Fortune lilimtaja kuwa mwanamke wa pili kwa umaarufu Marekani, akitanguliwa na Eleanor Roosevelt tu. Halafu mwaka 1977 Hamburger Helper ikapata sura yake yenyewe: glavu nyeupe yenye vidole vinne, macho na tabasamu. Mkono usio na mtu.

Mkono ule ninaukumbuka vizuri. Ulikuwa ukinitazama kutoka juu ya kabati saa kumi na mbili jioni, nje kumeshaingia giza la baridi, na mkono wa mama, ule wenye kovu la mafuta kwenye kidole gumba, uko kilomita kadhaa kutoka hapo ukimgeuza mzee wa watu kitandani asipate vidonda. Sisemi hivi ili kuwasuta waliochora ile glavu. Nilishiba. Ila nikiwa mtoto nilidhani boksi ndilo linalotulea, na mama ndiye hayupo. Ilinichukua miaka kuelewa nani alikuwa akililipia.

Habari ya Rice-A-Roni niliikuta mwisho, na ndiyo iliyozima hasira yangu. Mwaka 1946 huko San Francisco, mke na mume vijana, Lois na Tom DeDomenico, walipanga chumba kwa mwanamke mzee wa Kiarmenia, Pailadzo Captanian. Lois alikuwa mgeni kutoka Kanada, mjamzito, na hakujua kupika. Mume alitoka kwenye familia ya Kiitaliano yenye kiwanda cha tambi. Bi Captanian akamwingiza yule binti jikoni mwake, akamfundisha, pamoja na mengine, pilafu: mchele na tambi zilizokaangwa kwa siagi. Miaka kadhaa baadaye ndugu wa DeDomenico wakaigeuza pilafu ile kuwa boksi, supu ya kuku ikawa unga. Ikaingia sokoni mwaka 1958.

Yule bibi alikuwa amenusurika mauaji ya Waarmenia ya mwaka 1915. Mumewe aliuawa. Yeye aliswagwa kwa miguu kuelekea Syria akiwa mjamzito, baada ya kuwaacha wanawe wawili wadogo kwa familia ya Kigiriki ili wapone. Aliokoka, akajifungua, akawarudia wanawe, akaandika kitabu cha yaliyompata, akafika Marekani. Kwenye maboksi niliyoyasoma hadi herufi ya mwisho, miaka yote ile, jina lake sikulikuta.

Pilafu na pilau ni neno moja lililopita njia mbili. Nilikaa na hilo usiku mzima.

Wiki mbili baada ya Idd mama alinipigia simu. Hakuanza na salamu ndefu kama kawaida yake.

“Mdogo wako anaondoka Jumamosi. Lile boksi lake linauzwa wapi?”

“Mama, alikuwa anatania tu.”

“Nimekuuliza linauzwa wapi.”

Nikaenda nalo Ijumaa. Miaka yote ile hajawahi kulipika. Alinunua, alibeba, alipanga kabatini, lakini kupika nilipika mimi. Akavaa miwani, akaligeuza, akanirudishia. “Nisomee.” Anajua Kiingereza vizuri sasa, anaandika ripoti za wagonjwa, lakini nikamsomea.

Akatia siagi, kisha mchele na tambi. Akawa anageuza kwa mwiko, kimya. Tambi zilipoanza kubadilika rangi, harufu ikajaa jikoni, akasimamisha mwiko.

“Kumbe mlikuwa mnakaanga tambi kwanza.”

“Ndivyo walivyoandika.”

“Bibi yako alikuwa anakaanga hivihivi, mwezi wa Ramadhani. Kwa samli, halafu sukari na iliki.” Akageuza tena. “Nani aliwafundisha hawa?”

Nikamsimulia: San Francisco, chumba cha kupanga, yule binti asiyejua kupika. Nilipofika kwenye ile njia ya kwenda Syria akapunguza moto ili asikilize. Aliniuliza swali moja tu, kama wale watoto wawili alikuja kuwapata. Nikasema aliwapata. Akashusha pumzi.

Akaichana ile paketi ya unga, akaweka kidogo ulimini, akakunja uso. “Chumvi tupu hii. Na mtoto wa watu nilimwacha ale hivi?”

“Ukiitoa atajua si yenyewe.”

Akafikiri. Akamwaga nusu, nusu iliyobaki akaikunja na kuitupa. Akafungua kopo lake la viungo, akachukua mdalasini, akautazama, akaurudisha.

“Jina lake nani, yule mama?”

“Pailadzo.”

Akalijaribu mara mbili, mara ya pili akalipata. Akafunika sufuria, akafuta mikono, akaniambia nimpigie mdogo wangu simu aje kabla hazijapoa.