Vijana wa Citayam Mjini Jakarta

Ukifika Jakarta, mji mkubwa wa Indonesia, shuka kwenye treni pale Dukuh Atas. Utaona majumba marefu ya kazi za matajiri, na katikati yake barabara yenye kivuko cha milia myeupe. Mwezi wa Julai 2022 kivuko hicho kilijulikana nchi nzima.

Vijana wa Citayam, Bojonggede na Depok, makao ya watu wa kawaida kusini mwa mji, walikuja kwa treni ya nauli ndogo. Nguo zao zilikuwa za bei rahisi, lakini walizipanga kwa akili. Walivuka barabara kwa maringo, huku wenzao wakiwapiga picha. Kisha waliketi kando wakiongea. Kukaa hivyo bila haraka Waindonesia hukuita nongkrong.

Watu wakayaita maonyesho hayo Wiki ya Mitindo ya Citayam. Mara kampuni ya mwigizaji mmoja ikaomba jina hilo liandikishwe kuwa mali yake! Watu wakanung'unika, nayo ikaondoa ombi. Mwisho wa mwezi huohuo wenye mamlaka wakawatawanya vijana, kwa kuwa magari yalizuiwa na takataka zilizagaa.

Ni kweli, magari lazima yapite. Lakini kijana asiye na fedha ya kuingia mkahawani aketi wapi na wenzake? Basi mzazi, kabla hujamfukuza kijana barazani, mwonyeshe kwanza mahali pa kukaa.