Kipimo cha Mbwaa: Mkuki wa Kugusa Mawingu Ni Futi Ngapi?

Leo ni sayansi. Ni ya kubuni, lakini tulia kidogo, itakufikia.

Wanaofuata video zangu wanajua niko na dunia yangu ya hadithi: mlima, wachawi, mfalme mbaya. Shida ya dunia ya uchawi ni hii: kama kila kitu kinawezekana, hakuna kitu cha kuogopa. Lazima kuwe na mambo yanayojipinga yenyewe, yaani paradoksi, ndio hata mchawi akwame. Sasa, anakwama kiasi gani? Joto lina digrii. Mbona paradoksi isiwe na namba yake?

Kumbe kipimo kilikuwa hapa nyumbani. Mama ni Muembu, baba ni Mmeru, na upande wa baba nimekua nikisikia habari za Mbwaa. Ni kisiwa ambacho Wameru husema walitoka. Baadhi ya wanahistoria hukihusisha na Manda, kule Lamu. Huko walikuwa watumwa wa Nguo Ntune, watu wa nguo nyekundu, na hao mabwana waliwapa mitihani ya ajabu. Kila mzee anasimulia kivyake, lakini mitihani ni kama hii: leteni kiatu cha ngozi chenye manyoya pande zote mbili. Toeni tunda ndani ya shimo refu bila kulidunga. Leteni mbwa mwenye pembe. Leteni ndama anayetoa kinyesi cheupe. Mwisho, tengenezeni mkuki unaogusa ardhi na mawingu.

Hapo ndio nikapata nadharia yangu. Usipime paradoksi kwa ugumu wake. Pima kwa kile unacholazimika kubadilisha ndio iache kuwa paradoksi.

Alama 1 ni macho. Kiatu chenye manyoya pande mbili? Walichinja fahali, wakakata ile ngozi inayoning'inia chini ya shingo. Iko na manyoya huku na huku. Jibu lilikuwa linatembea bomani siku zote.

Alama 2 ni njia. Badala ya kuingiza mkono shimoni, walijaza maji na tunda likaelea lenyewe.

Alama 3 ni neno. Hakuna aliyesema mbwa azaliwe na pembe. Walichukua pembe za mnyama mwingine, wakazibandika kwa nta. Mbwa mwenye pembe ndio huyo.

Alama 4 ni muda. Ndama alinyweshwa maziwa tu, siku baada ya siku, mpaka kinyesi kikawa cheupe. Hakuna ujanja hapo, ni kuvumilia.

Halafu mkuki. Hapa husimuliwa kwamba jibu halikupatikana. Watu wakatoroka usiku, Koomenjoe mbele na fimbo yake, maji yakagawanyika wakavuka.

Mimi nasema jibu lilipatikana. Mbwaa iko usawa wa bahari, mawingu yako juu kabisa. Lakini cheki walikofika: miteremko ya Mlima Kenya. Nenda Kianjokoma asubuhi ya Julai, kule Embu juu kwenye chai. Ukungu umelala kwa majani chai, huoni hata mtu aliye hatua kumi mbele yako. Na ukungu ni nini? Ni wingu lililogusa ardhi. Simamisha kijiti cha futi tatu hapo. Chini ni udongo, juu ni wingu. Mtihani umepita.

Kwa hivyo Alama 5 ni mahali. Kuna paradoksi ambayo haitatuliki pale ulipopewa, hata ukiwa na akili ya nani. Ukihama, inakuwa kijiti tu.

Na usidhani hii ni ya hadithi pekee. Erasto Mpemba wa Tanzania, mwaka 1963, alikuwa mwanafunzi wa sekondari ya Magamba akitengeneza aiskrimu. Akaona maziwa yake ya moto yameganda kabla ya yale yaliyopoa kwanza. Mwalimu akamwambia amechanganyikiwa. Baadaye alimuuliza Profesa Denis Osborne swali hilohilo, na 1969 wakachapisha pamoja. Lakini utamu uko 2016: Henry Burridge na Paul Linden walirudia vipimo, wakasema hawaoni ushahidi wa kutosha, na kwamba ukisogeza kipimajoto sentimita 1 tu juu au chini unaweza kupata jibu tofauti. Sentimita moja! Wanasayansi hadi leo wanabishana kuhusu maji, na sehemu ya ubishi ni kifaa kimesimama wapi.

Sasa yangu. Mnajua niliacha chuo mwaka wa pili. Jina la chuo tuliache. Huwezi kufanya mtihani bila kumaliza karo. Huwezi kupata karo bila kazi. Ukifanya kazi unakosa madarasa, na ukikosa madarasa huruhusiwi kufanya mtihani. Mbwa mwenye pembe, buda.

Nilipitia alama zote. Niliangalia kama kuna basari nimeipita bila kuiona. Nikatafuta njia nyingine ya kulipa. Nikasoma sheria zao neno kwa neno. Nikaahirisha semista nzima, nikingoja. Mama alikuwa ameshauza ng'ombe mmoja, akasema atauza wa pili. Hapo nikajua nimeshika mkuki. Nikaondoka, na yule ng'ombe wa pili bado anakamuliwa.

Mama bado anaita hiyo kutoroka. Tukila jioni huwa ananiambia kuwa chuo hakijahama, mlango uko palepale. Sibishani naye, kwa sababu ng'ombe wa kwanza alikuwa wake, si wangu.

Kwa hivyo usichukue hii kama kibali cha kuacha shule. Paradoksi nyingi ni viatu. Wewe wa fomu tatu unayesema hesabu ni mkuki, umeangalia chini ya shingo ya fahali? Umemuuliza yule mwenzako anayeielewa? Umeipa hata mwezi mmoja wa maziwa? Wameru hawakuondoka baada ya mtihani wa kwanza. Walifanya minne, wakapita yote, ndio wakafunga mizigo.

Pitia moja mpaka nne, na usijidanganye. Ukifika tano, hama bila aibu.

Una paradoksi gani wiki hii? Ipe alama, uniambie ni ngapi.